Mwigizaji Hodari Utamjua Akinyamaza

Ukitaka kujua kama mwigizaji wa filamu anaijua kazi yake, usimpime kwa machozi. Kulia mbele ya kamera wengi wanaweza. Mtazame anaponyamaza, na hasa anapopewa nafasi ndogo. Kwa zoezi hilo mimi humchagua Marcel Dalio, Mfaransa mwenye asili ya Kiyahudi aliyezaliwa Paris, ambaye watu wengi wamemwona bila kulijua jina lake.

Anza na La Grande Illusion ya mwongozaji Jean Renoir (1937). Dalio ni Rosenthal, mfungwa wa vita aliyetoroka pamoja na Maréchal, anayeigizwa na Jean Gabin, staringi hasa. Rosenthal ameteguka mguu, anachechemea, anamchelewesha mwenzake. Wanatukanana, Gabin anaondoka zake. Dalio anabaki ameketi maweni, anaanza kuimba wimbo wa watoto kwa makelele ili kumkera anayemwacha. Tega sikio hapo. Sauti inaanza na hasira, kisha hasira inamwishia, na hofu ya kubaki peke yake inapenya katikati ya maneno yaleyale ya kitoto. Hakuna anayetueleza kwamba anaogopa. Mwigizaji dhaifu angeshika kichwa.

Kipimo kigumu zaidi kimo katika La Règle du jeu (1939), ya Renoir huyohuyo. Humo Dalio ni tajiri mwenye cheo, anayekusanya vinanda vinavyojipiga vyenyewe. Anapowaonyesha wageni kinanda chake kikubwa kuliko vyote, kamera inapita polepole juu ya vinyago vyake hadi inamfikia yeye. Hasemi kitu. Fahari na haya vimekutana katika uso mmoja, kama mtoto anayesubiri kusifiwa. Renoir mwenyewe aliihesabu picha hiyo miongoni mwa kazi zake bora kabisa, na sioni sababu ya kumpinga.

Mwaka uliofuata, Wajerumani walipokaribia Paris, Dalio alikimbia. Huku nyuma uso wake ukabandikwa kwenye mabango ya chuki dhidi ya Wayahudi. Marekani ilimpokea kwa vijinafasi. Katika Casablanca (1942) anachezesha ruleti, na jina lake halimo hata kwenye orodha ya waigizaji. Lakini mwangalie! Kapteni wa polisi ametoka kuufunga ukumbi kwa madai kwamba kamari imemshtua. Dalio anamletea fedha alizoshinda, kwa adabu, kana kwamba ni kazi ya kila usiku. Angejitafutia sifa kwa kukonyeza jicho, mzaha wote ungeharibika.

Kisha tafuta Sabrina (1954). Ni mzee katika darasa la mapishi anayemwambia Audrey Hepburn kwamba chakula chake hakikuumuka kwa sababu amesahau kuwasha oveni, na amesahau kwa sababu anapenda asikopendwa. Anayasema hayo taratibu, bila kumdhihaki, na binti anamwamini papo hapo.