Kitabu cha Dzyan na Siri ya Nyakati

Mwaka 1888 Helena Blavatsky alitoa The Secret Doctrine, akidai kufafanua beti za Kitabu cha Dzyan, andiko la kale lenye siri za mizunguko ya nyakati. Hakuna mtaalamu aliyepata kukiona kitabu hicho. Tena hesabu ya siku ya Brahma, miaka 4,320,000,000, haikuwa siri: yatokana na mapokeo ya Kihindu, na Vishnu Purana ilikwisha kutafsiriwa kwa Kiingereza mwaka 1840. Hata hivyo tusiwacheke wasomaji wake. Kiu hiyo imo hata katika sharika zetu. Bwana aliwanyima mitume tarehe, akawaahidia Roho na kuwapa kazi ya ushuhuda (Mdo. 1:7-8). Injili huhubiriwa hadharani. Elimu iliyofichwa humfanya mwamini kuwa mtumwa wa mwenye ufunguo.