Tarakilishi na Uhakiki wa Tungo za Kale za Kiswahili

Mwaka 1949 padre mmoja wa Kiitaliano, Roberto Busa, aliiomba kampuni ya IBM nchini Marekani imsaidie kutengeneza faharasa ya maneno yote yaliyomo katika maandishi ya Thomas Aquinas. Toka hapo wataalamu wa lugha na fasihi wamekuwa wakiisikia ahadi ile ile, kwamba kazi iliyokuwa ikimmaliza mtu umri wake itafanywa na mashine kwa kitambo kidogo. Yafaa ikumbukwe kwamba faharasa ya Busa ilianza kuchapishwa mwaka 1974, na ilipokamilika ilikuwa na majuzuu 56. Mashine ilimpunguzia padre uchovu wa kuhesabu, lakini umri wake iliuchukua vile vile.

Katika taaluma ya Kiswahili ahadi hiyo imeingia kwa milango miwili. Mlango wa kwanza ni picha. Miswada iliyokusanywa na akina William Taylor, Alice Werner, William Hichens, J.W.T. Allen na wengineo, ambayo mingi imehifadhiwa SOAS mjini London, sasa orodha yake yaweza kusomwa katika intaneti, na baadhi ya kurasa zenyewe zimepigwa picha. Vitabu vya mkono vya Msikiti wa Riyadha, Lamu, ambavyo vingi ni vya Kiarabu, vilipigwa picha katika miaka ya 2010 chini ya mpango wa Maktaba ya Uingereza wa kuokoa nyaraka zilizo hatarini. Mlango wa pili ni koposi, yaani mkusanyo mkubwa wa matini uliopangwa ili mashine iweze kuutafuta na kuuhesabu. Koposi ya Kiswahili ya Helsinki, iliyotokana na kazi ya Arvi Hurskainen, ilifikia maneno yapatayo milioni 25 katika toleo lake la pili la mwaka 2016. Hapa Kenya, mradi wa Kencorpus, ulioelezwa mwaka 2022, ulikusanya matini za Kiswahili, Kidholuo na Kiluhya zenye maneno yapatayo milioni 5.6, pamoja na sauti zilizorekodiwa za saa 177.

Hapana shaka kwamba faida ni kubwa, na hakuna haja ya kuirefushia maneno. Karatasi huliwa na mchwa, huoza kwa unyevu wa pwani, huuzwa kwa watalii, hutupwa na warithi wasiojua thamani yake. Mwanafunzi wa Nairobi aliyekuwa hana nauli ya kufika London aweza sasa kulikuza herufi kwa herufi lile andiko ambalo zamani alilijua kwa jina tu. Swali ni je, akishalitazama, atalisoma?

Hapa ndipo penye uzito wa jambo. Hati ya Kiarabu ina alama tatu tu za irabu, hali Kiswahili kina irabu tano. Kwa desturi ya waandishi wengi wa kale, kasra ilisimama mahali pa i na e, na dhumma mahali pa u na o. Herufi be ilitumika kwa b, kwa p na kwa mb. Ghain ilibeba g na jamaa zake. Na n au m iliyotangulia konsonanti nyingine aghalabu haikuandikwa kabisa. Kwa hiyo umbo moja lenye be, kasra, dali na fatha laweza kusomwa penda, na laweza pia kusomwa pinda. Umbo jingine lasomeka panda kwa mmoja na banda kwa mwingine. Msomaji wa zamani hakutatizika, kwa sababu hakuwa akiisoma karatasi peke yake. Alikuwa ameusikia utenzi ukiimbwa, aliujua kwa moyo, na karatasi ilikuwa kumbusho la kile alichokwisha kukihifadhi.

Tarakilishi haina kumbukumbu ya namna hiyo. Inapofundishwa kuzitambua herufi za mkono na kuzigeuza kuwa za Kirumi, ikafika mahali pa shaka, huamua kwa wingi wa matumizi: neno lililotokea mara nyingi zaidi katika matini ilizolishwa ndilo litakalochaguliwa. Penda itaishinda pinda, kwa kuwa magazeti yana mapenzi mengi kuliko mapindo. Wahakiki wa miswada ya Kigiriki na Kilatini wana kanuni ya siku nyingi kwamba, panapogongana usomaji mwepesi na usomaji mgumu, ule mgumu mara nyingi ndio wa asili, maana mnakili huelekea kulegeza lile asilolielewa. Mashine basi, katika jambo hili, hutenda sawasawa na yule mnakili mvivu ambaye wahakiki wamekuwa wakimshutumu karne nzima. Tofauti ni kwamba mnakili aliharibu nakala moja, nayo mashine yaweza kuharibu elfu kwa usiku mmoja, tena kwa chapa safi isiyotia mtu wasiwasi.

Tatizo hilo huzidi inapoingia lahaja. Koposi zilizopo zimeegemea Kiswahili sanifu. Ile ya Helsinki ina sehemu kubwa ya habari za magazeti na mijadala ya Bunge la Tanzania. Kwa mtafiti wa sarufi ya leo, au wa istilahi za siasa, hiyo ni hazina. Kwa mhakiki wa ushairi wa Lamu na Mombasa ni kipimo cha kitu kingine. Mashine iliyozoea sanifu ikikutana na mato, nti au ndia itayaacha maneno hayo kando kama makosa ya chapa, na hapo walau msomaji huonywa. Hatari kubwa ni pale inapodhani imeelewa. Tini ya Kiamu, yaani chini, itaorodheshwa miongoni mwa matunda. Ndoo, ambayo kwa mshairi wa kaskazini ni mwito wa kumwambia mtu aje, itahesabiwa kuwa chombo cha kutekea maji. Utafiti utakaojengwa juu ya hesabu kama hizo utakuwa na majedwali mazuri, na ndani ya majedwali hayo mpenzi aliyeitwa na mshairi atakuwa amegeuzwa kuwa ndoo.

Kuna pia sauti ambazo hati ya Kirumi ya sanifu haikuzitia alama. Mmvita hutenga kaa la moto na kaa wa pwani kwa mpumuo, na paa la nyumba na paa wa mwituni vivyo hivyo. Mwalimu Sikujua wa Mombasa, aliyemsaidia Taylor kukusanya na kueleza mashairi ya Muyaka bin Haji katika miaka ya 1880, alijitahidi kuirekebisha hati ya Kiarabu ili iweze kubeba sauti za Kimvita kwa uangalifu zaidi. Basi andiko la mkono la wakati huo laweza kuwa na habari nyingi zaidi kuliko chapa iliyolifuata. Anayeingiza katika tarakilishi ile chapa badala ya andiko, kwa kuwa ni rahisi zaidi, ameanza kazi yake kwa kutupa sehemu ya ushahidi.

Mfano wa Muyaka wastahili kufuatwa mbele kidogo. Mashairi yake, ya nusu ya kwanza ya karne ya 19, yalihifadhiwa kwa vinywa na kwa kalamu ya Mwalimu Sikujua. Yakapita kwa Taylor. Yakahaririwa na Hichens na kuchapishwa Johannesburg mwaka 1940. Kisha Mohamed Abdulaziz akayachambua upya katika kitabu chake cha mwaka 1979. Suala la mashairi yapi ni yake kweli na yapi amesingiziwa ni la haki, na ndilo hasa ambalo mbinu mpya ya kupima mitindo kwa hesabu hudai kulijibu. Mbinu hiyo, kwa ufupi, huhesabu yale maneno madogo madogo ambayo mwandishi huyatumia bila kufikiri, ikaona kila mwandishi ana kiasi chake, kama alama ya kidole. Imefanya kazi ya kusifika katika riwaya na tamthilia za Kizungu.

Lakini je, maneno hayo madogo ya Kiswahili yako wapi? Sehemu kubwa ya kazi yafanywayo huko na maneno ya pekee, hapa hufanywa na viambishi vilivyoungana na mzizi: nafsi, njia, wakati, kirejeshi, mtendwa. Mashine inayohesabu neno kama kitu kilichopo baina ya nafasi mbili nyeupe haitaviona. Zaidi ya hayo, nafasi zenyewe si za Muyaka. Kuandika nawe au na wewe, ndimi au ni mimi, kuliunganisha neno au kulitenga, mara nyingi ni uamuzi wa mhariri aliyenukuu kutoka hati ya Kiarabu. Mwenye kupima matini ya 1940 kwa njia hiyo atapata alama ya kidole iliyo dhahiri kabisa, nayo itakuwa ya Hichens. Tena beti ni fupi, mizani 16 kwa mshororo, na vina humlazimisha mshairi kuchagua umbo fulani la kitenzi mahali fulani. Washairi wawili wa bahari moja huweza kufanana kwa hesabu kuliko mshairi mmoja katika bahari mbili. Hadi pawe na kipimo kilichotengwa kwa ajili ya viambishi, na kilichojaribiwa kwanza juu ya tungo ambazo watunzi wao wanajulikana bila ubishi, majibu ya mashine kuhusu Muyaka hayana budi kupokewa kwa tahadhari ile ile wanayopokewa nayo mashahidi wasiokuwako.

Huenda ikasemwa kwamba makosa haya ni ya utoto wa mbinu na yataondoka kwa kukua. Baadhi yataondoka. Wataalamu wa tarakilishi wenyewe wamekwisha kuonyesha kwamba kichanganuzi cha maumbo ya Kiswahili chaweza kutengenezwa, na Hurskainen alianza kazi hiyo tangu miaka ya 1980, wakati ambapo wengi waliona lugha za Kibantu ni nyongeza tu. Walakini kuna jambo lisiloondoka kwa kukua. Mikusanyo hiyo ya London hujulikana kwa majina ya waliokusanya: wa Taylor, wa Hichens, wa Werner. Mtafutaji akifuata majina hayo katika orodha, atayafikia maandishi kwa njia ya mkono uliopokea, na mkono ulioandika atauona baadaye kama utajwapo. Orodha ya tarakilishi hurithi mpango wa kabati lililoitangulia, kisha huutembeza duniani kote.

Kinachotakiwa si kuukataa mtambo wala kuungojea ukamilike. Kila andiko lingewekwa katika tabaka tatu zisizochanganywa: picha, unukuzi wa herufi kwa herufi usiotia irabu isiyoandikwa wala n isiyoonekana, na usomaji, ambao utaje ni nani aliyesoma, kwa lahaja gani, na ni wapi alipositasita. Palipo na shaka, penda na pinda ziachwe zote mbili mbele ya mwanafunzi. Tabaka la kwanza na la pili mashine yaweza kuyafanyia kazi usiku na mchana. La tatu lahitaji wazee wa Lamu, Siu, Pate na Mombasa ambao bado wanazijua tungo kwa moyo na waliosomeshwa hati hii chuoni, nao hawawi vijana. Sauti zao zirekodiwe wakiwa na picha za kurasa mbele yao, ubeti kwa ubeti, na wanafunzi wa idara wafundishwe hati ya Kiarabu kabla ya kufundishwa programu ya kuhesabu. Mashairi ya Muyaka yangefaa kutangulizwa: matoleo mawili yako tayari ya kulinganishwa, makaratasi ya Taylor yapo, na Kimvita bado kinasemwa Mji wa Kale na watu wanaojua paa yupi ana pembe.