Ufundi Usiofutwa na Picha Hafifu

Maji ndiyo huharibika kwanza. Video ikibanwa sana ili ipite kwenye mtandao wa shida, kinachohifadhiwa zaidi ni kile kilichobadilika kutoka fremu moja hadi nyingine. Ukuta uliotulia hauna kazi, lakini mto, ambao kila tone lake linatembea, hauwezekani. Ndiyo maana katika nakala ya 240p ya Kimssi Pyoryugi, filamu ya Kikorea ya mwaka 2009 ambayo nje ya Korea huitwa Castaway on the Moon, mto Han umekuwa viraka vya kijivu vinavyorukaruka. Kim Seung-geun anapojitupa kutoka darajani kwa kuelemewa na madeni, humwoni akizama. Unaona viraka vikimfunika.

Nimeitazama hivyo, kwenye simu, kwa kubana bando, na nikaipenda mno. Mwongozaji wake, Lee Hae-jun, ambaye pia ndiye aliyeiandika, alijenga filamu ya mapenzi ambayo wapenzi wake hawasimami ana kwa ana hadi dakika za mwisho. Tena aliijenga kwa vitu vichache vinavyosomeka hata picha ikichakaa namna gani.

Seung-geun hafi. Mto unamtupa Bamseom, kisiwa cha kweli kilichoko Seoul, chini ya daraja la Seogang. Mwaka 1968 kisiwa hicho kililipuliwa kwa baruti ili mawe yake yakajenge Yeouido jirani, na wakazi wake wakahamishwa. Lakini mto uliendelea kuleta tope na mchanga, kisiwa kikainuka tena, miti ikaota, ndege wakarudi. Siku hizi ni hifadhi, na watu hawaruhusiwi kukanyaga. Kwa hiyo Lee hakuwa na haja ya kubuni bahari ya mbali. Alikuwa na mahali ambapo magari hupita juu kwa juu usiku na mchana na hakuna anayeshuka. Mtu asiyejua kuogelea amekwama hapo huku maghorofa ya jiji yanamtazama, na simu yake inakata chaji.

Ng'ambo ya mto yuko Kim Jung-yeon, msichana ambaye kwa miaka hajatoka chumbani kwake. Ana kovu usoni, analala kabatini, na usiku hupiga picha za mwezi kwa lenzi ndefu, kwa kuwa huko hakuna mtu. Jiji hulitazama siku za mazoezi ya ulinzi wa raia tu, king'ora kinapolia na barabara zikabaki tupu. Siku moja kama hiyo lenzi yake inaangukia mchanga wa kisiwa, na juu yake kuna herufi kubwa: HELP.

Hapa ndipo nakala mbovu inapogeuka neema. Jung-yeon naye anamwona mtu huyu kwa mbali, mdogo, bila sura ya kueleweka. Mimi na pikseli zangu chache nilikuwa nimesimama dirishani pamoja naye. Lee alijua kwamba mapenzi haya yataanzia kwenye umbo tu, na mwigizaji Jung Jae-young akalifanya umbo hilo liseme. Anaigiza kwa mabega, kwa magoti, kwa namna ya kuinama. Uso wake ulipotea kabisa kwenye simu yangu, lakini sikukosea hata mara moja kujua kama amekata tamaa au amepata la kumfurahisha.

Angalia maua ya salvia. Jamaa ameshafunga tai yake mtini ajinyonge, mara tumbo linamkata. Anachuchumaa, suruali imeshuka, na mbele ya macho yake kuna maua mekundu. Anachuma moja, ananyonya utamu wake, kisha lingine, na machozi yanamtoka. Katika video iliyobanwa, nyekundu ni rangi isiyotulia, huvuja nje ya mipaka yake. Kwa hiyo sikuona petali. Niliona madoa mekundu yanayotetema kwenye kijani kilichofifia. Yalitosha. Lee alikuwa ametunyima rangi kali hadi wakati huo, na hiyo moja inapotokea unaelewa kwa nini mtu anaahirisha kufa.

Kuna kilichopotea, sikatai. Jajangmyeon, tambi za mchuzi mweusi wa soya iliyochachushwa, zilistahili kung'aa. Seung-geun ameokota pakiti ya kiungo chake, na kwa ajili ya pakiti hiyo analima mahindi kwa mbegu alizozipata kwenye vinyesi vya ndege. Jung-yeon anamwagizia tambi tayari. Mleta chakula anakanyaga pedali za boti hadi kisiwani, na Seung-geun anazirudisha: kwake, anasema, tambi hizo ni tumaini. Baadaye anapokula alizozipika mwenyewe, bakuli lilikuwa doa jeusi tu kwangu. Ila nilisikia akizivuta mdomoni, nikasikia kilio kikipanda katikati ya matonge.

Sauti haidai bando kubwa, na Lee ameiwekea kazi nzito kuliko zote. Seung-geun anapoondolewa kisiwani kwa nguvu na kupanda basi, Jung-yeon anatoka nje mchana kweupe, anakimbia, na basi linamwacha. Kisha king'ora. Ni kile kile cha mazoezi, ambacho mwanzoni kilionekana kuwa sababu ndogo tu ya yeye kuchungulia dirishani, na nilikuwa nimekisahau kabisa. Kila gari linasimama, na basi lile pia. Mwandishi mvivu angemfanya dereva atupe jicho kwenye kioo na kumhurumia. Lee alisimamisha jiji zima, na alikuwa ametuonyesha mapema kwamba jiji hilo husimama.