Pongezi kwa malenga walioushinda wakati

Hongera malenga wa pwani yetu, na hongera waliowahifadhi. Muyaka bin Haji, malenga wa Mombasa, alifariki mwaka 1840, lakini malumbano yake na washairi wa Lamu bado yana moto. Yametufikiaje? Wazee wa Mombasa waliyashika kwa moyo, kisha Mwalimu Sikujua bin Abdallah akayaandika kwa hati za Kiarabu. Mwaka 1940 tungo hizo zikachapwa kuwa diwani.

Siri imo katika ufundi wenyewe. Ubeti wa tarbia una mishororo minne, na kila mshororo mizani 16: nane ukwapi (nusu ya kwanza), nane utao (nusu ya pili), vina vikikaa kati na mwisho. Neno moja likidondoka, sikio hushtuka, na mghani hulitafuta mpaka alirudishe mahali pake. Ndivyo na tenzi zilivyodumu. Wosia ambao Mwana Kupona alimtungia bintiye mwaka 1858 umewalea mabinti wengi ambao hakuwajua.

Wazazi na walimu, wafundisheni watoto kughani. Hata beti tano kichwani zatosha kuanzia. Shairi lisiloghaniwa hufa, hata likiwa kabatini.