Heshima Isiyopimwa kwa Mzani: Tunasoma Tena «Entre les eaux»

Kuna vitabu ambavyo tunavisifu kwa sababu mwandishi ni mtoto wa kwetu, kisha tunaviacha vilale na vumbi. V. Y. Mudimbe alizaliwa Likasi mwaka 1941, wakati mji ule uliitwa bado Jadotville. Alikufa Marekani mwezi wa nne wa mwaka 2025. Tangu kifo chake tumesikia sifa nyingi juu yake, lakini ni wachache waliofungua tena kitabu chake cha mwaka 1973, «Entre les eaux», maana yake «Kati ya maji». Sisi tumekisoma tena hapa Kakanda, polepole, na tunataka kusema kile tulichoona ndani yake: kilicho kizuri, na pia kile kinachokosa.

Tukumbushe kwanza habari yenyewe. Pierre Landu ni padri mwafrika, mwenye masomo makubwa ya Roma. Anaona kwamba Kanisa lake limekaa karibu sana na wenye nguvu na mali. Moyo wake unamchoma. Anaacha parokia, anaingia porini pamoja na waasi wanaofuata mafundisho ya Marx, katika vita vinavyotukumbusha maasi ya mwaka 1964 katika nchi yetu. Lakini kule porini hawamwamini. Anaandika barua kwa askofu wake; barua inakamatwa, naye anahukumiwa kufa kama msaliti. Askari wa serikali wanashambulia kambi, na hivi anapona. Kisha anaoa mke. Ndoa haimpi amani. Mwishoni anaingia monasteri, anapewa jina jipya, na hapo kitabu kinaisha.

Wengi wanasema: hiki ni kitabu cha siasa, kinauliza kama padri anaweza kushika bunduki kwa ajili ya maskini. Swali hilo limo kweli, hatulikatai. Lakini tukisoma kwa uangalifu tunaona swali lingine chini yake, nalo linatugusa sisi zaidi: heshima ya mambo matakatifu inatoka wapi, na inakwenda kwa nani?

Angalieni kile Landu anachopenda. Anapenda nyimbo za Gregori. Anapenda Kilatini, altare iliyotengenezwa vizuri, muziki wa wazungu wa zamani. Hata porini, katikati ya jasho na woga, akili yake inarudi kwa mambo hayo. Yeye mwenyewe anaanza kushuku: Je, nilimpenda Mungu, au nilipenda uzuri wa ibada yake? Ni swali la ukali, na mwandishi hakumwonea huruma. Landu anasema juu ya maskini katika kurasa nyingi, lakini hatumwoni akikaa na maskini mmoja mpaka amjue jina, watoto na taabu yake. Hata tendo lililomponza kule porini ni kuandika barua. Ni mtu wa karatasi. Alitaka kuokoa watu, lakini hakupata nafasi ya kuwasalimu.

Hapo ndipo tunaona nguvu ya kitabu. Mudimbe hakuandika kama adui anayechungulia dirishani. Utoto wake ulipita mikononi mwa watawa wa Mtakatifu Benedikto, wale waliofika Katanga tangu mwaka 1910. Akiwa kijana aliingia utawa katika monasteri ya Gihindamuyaga, Rwanda, kisha akatoka, akasoma Lovanium na Louvain, akafundisha Lubumbashi, halafu Marekani. Imani ya utoto wake haikubaki naye. Lakini katika kitabu cha mwaka 1994, «Les corps glorieux des mots et des êtres», alieleza namna utaratibu wa Wabenedikto ulivyobaki katika maisha yake: saa ya kazi, saa ya kusoma, saa ya kunyamaza. Jambo hilo litushangaze kidogo. Mtu aliyeacha kusali alishika saa zake, na sisi tulio na breviari mkononi tunazivunja saa hizo kila mara simu inapolia.

Sasa tulete kitabu hiki mahali tunapokaa. Kakanda ni mji wa mgodi. Watu walikuja hapa kwa sababu ya shaba, na leo kobalti imeongeza haraka, kwa sababu nchi za mbali zinaitaka kwa betri za motokari na za simu. Hapa kila kitu kinapimwa. Jiwe linatiwa katika mfuko, mfuko unawekwa juu ya mzani, kisha wanapima ni kiasi gani cha madini kimo ndani, na bei inatoka hapo. Kazi hiyo si mbaya. Ndiyo inayolisha nyumba. Hatari ni kwamba mzani unaingia pole pole katika roho. Baba anapimwa kwa mshahara wake. Kijana anapimwa kwa mifuko aliyoitoa chini ya ardhi. Mzee asiye na nguvu tena, hakuna mzani unaomtaka. Mwaka 2023, wakati maji ya mgodi yalifurika na kuingia katika makao ya watu hapa Kakanda, mara moja maneno yalikuwa ya hesabu: nyumba ngapi, mashamba mangapi, malipo gani. Hesabu hizo ni za haki, zifanywe mpaka mwisho. Lakini mama aliyeona maji yakipita juu ya kaburi au juu ya shamba la mamake, amepoteza kitu ambacho hakina bei.

Basi heshima ni nini katika maisha ya leo? Tunasema hivi: ni kukubali kwamba kuna kitu kisichopimwa kwa mzani, na kusimama mbele yake ipasavyo. Mungu kwanza. Lakini pia mtu, kwa sababu ni sura ya Mungu. Na mkate, na maji, na ardhi inayolaza wafu wetu. Landu alijua nusu ya kwanza na akaikata na nusu ya pili. Alipiga goti vizuri mbele ya altare, lakini goti lake halikujua kuinama mbele ya mtu.

Hapo tunaanza kugombana na mwandishi. Katika kitabu chote, heshima takatifu inavaa nguo za Ulaya tu. Waumini wa kawaida karibu hawasemi. Hakuna katekista mzee, hakuna mama anayeongoza sala ya jioni. Mtu asiyejua nchi yetu atafikiri kwamba kabla ya Kilatini hatukujua kunyamaza mbele ya kitu kikubwa. Si kweli. Wazee wetu wanapokea kitu kwa mikono miwili. Mtoto anapiga magoti kwa kumpa baba maji ya kunywa. Watu wanapiga makofi ya polepole mbele ya mkubwa, na wakifika kwenye kilio wanaingia bila kelele, wanakaa chini. Mwili wote unajua heshima kabla kinywa hakijasema neno. Ndiyo sababu Roma ilipokubali Misa kwa majimbo ya Zaire, tarehe 30 mwezi wa nne mwaka 1988, tulipata nafasi ya kuwataja wahenga mwanzoni na kuzunguka altare kwa kucheza. Ile haikuwa zawadi ya furaha tu. Ilikuwa kazi tuliyopewa. Mwenye kusema kwamba Landu hakujua njia hiyo kwa sababu kitabu ni cha 1973, anasema kweli kwa sehemu. Lakini mikono miwili ya mama yake ilikuwapo.

Tusijisifu lakini. Kosa la Landu lina ndugu yake, na huyo ndugu anakaa kwetu. Siku ya Mungu tunaingia kanisani, vyombo vya sauti vinapiga mpaka madirisha yanatetemeka, matangazo yanachukua muda mrefu kuliko mahubiri, matoleo yanaitwa mara tatu na majina ya waliotoa zaidi yanasomwa kwa sauti. Hapo mzani umeingia mpaka mbele ya altare. Kisha tunaita jambo hilo furaha ya kiafrika. Wazee wangeona haya. Ngoma yao ilijua wakati wa kupiga na wakati wa kunyamaza. Landu alipenda uzuri bila watu. Sisi mara nyingine tunapenda kundi la watu bila kumwona mtu, na bila kumwachia Mungu dakika moja ya kimya. Pande zote mbili ni kujitazama wenyewe katika kioo.

Je, mwisho wa kitabu ni uongofu au ni kujificha? Landu amefika monasteri, anaimba pamoja na watawa, na msomaji hajui kama amempata Mungu au amerudi tu kwa muziki alioupenda. Wengine wanamlaumu Mudimbe kwa kutotoa jibu. Sisi tunamshukuru. Jibu lingetufanya tufunge kitabu na kulala. Bila jibu, swali linahama kutoka kwa Landu na kuja kukaa kwetu, hasa kwa mseminari atakayepewa upadri na kutumwa kwenye mji wa mgodi kama huu.

Kwa hiyo tunashauri kitabu hiki kisomwe katika seminari, si kwa mtihani wa Kifaransa tu. Kisomwe pamoja na katekista mmoja wa zamani, kusudi aseme kile ambacho mwandishi hakumpa nafasi ya kusema. Na jioni, wakati wa kuchungua dhamiri, kila mmoja ajiulize: leo, mbele ya nani nilisimama bila kuhesabu? Kama jibu ni «mbele ya altare tu», basi tujue kwamba tumefika alipofika Landu, wala si mbali zaidi. Kesho asubuhi, kabla ya Misa, kuna mzee anayekaa mlangoni pa kanisa. Tuanze kwa kumsalimu kwa mikono miwili.