Hesabu na Njia ya Ziara ya Kundi katika Mji Mkongwe wa Zanzibar

Ziara ya miguu ya bei nafuu katika Mji Mkongwe wa Zanzibar, ile ambayo wageni wasiofahamiana hukusanywa asubuhi chini ya mwongoza watalii mmoja na kuagana kabla ya adhuhuri, huchukuliwa kwa kawaida kuwa ni ile ile ya mgeni binafsi iliyopunguzwa bei. Namna inavyopangwa, hata hivyo, inaonyesha kwamba unafuu wenyewe ndio unaochora njia, ndio unaoamua jengo gani liingiwe na lipi litazamwe kwa nje, na kwa kiasi kikubwa ndio unaochagua historia ipi isimuliwe na ipi iachwe. Mji huu, ulioingizwa katika Orodha ya Urithi wa Dunia ya UNESCO mwaka 2000, unafaa kwa uchambuzi wa aina hiyo kwa sababu eneo lake ni dogo, magari hayawezi kupita katika sehemu kubwa ya vichochoro vyake, na majengo yanayotajwa zaidi yote yanafikika kwa miguu.

Gharama za ziara ni za namna mbili ambazo mnunuzi mara nyingi hazitenganishi. Zipo gharama za kundi, yaani zile zisizobadilika iwe wageni ni wawili au kumi, na kubwa kati ya hizo ni ujira wa mwongozaji. Zipo pia gharama za kichwa, ambazo kila mgeni huzibeba mwenyewe, mfano wake mkuu ukiwa viingilio vya makumbusho na majengo ya kihistoria. Kukusanyika pamoja hupunguza gharama za namna ya kwanza tu. Ndiyo maana ziara ya mji mara nyingi huuzwa pamoja na safari ya kisiwa cha Changuu, penye kobe wakubwa wenye asili ya Shelisheli na gereza la miaka ya 1890 ambalo halikupata kutumika kama gereza bali kama kituo cha karantini: mashua hukodiwa nzima, kwa hiyo kila abiria anayeongezeka humpunguzia mwenzake mzigo, jambo ambalo tiketi ya makumbusho haiwezi kulifanya.

Kutokana na hilo huzuka swali la ukubwa wa kundi, na hapa hesabu ndogo inasaidia. Ikichukuliwa kwa mfano tu kwamba ujira wa mwongozaji ni shilingi 60,000, mgeni aliye peke yake hulipa zote, wawili hulipa 30,000 kila mmoja, sita hulipa 10,000, kumi hulipa 6,000, kumi na watano hulipa 4,000 na ishirini hulipa 3,000. Nafuu kubwa hupatikana katika wageni sita wa mwanzo, na kuanzia wa kumi kila nyongeza huokoa kidogo sana. Hasara nayo huenda kinyume chake, kwa kuwa kundi la watu ishirini katika kichochoro kinachopitisha watu wawili sambamba hugeuka kuwa mstari mrefu, wa mbele wakisikia maelezo yote na wa nyuma wakiambulia maneno ya mwisho tu. Katika mji wenye kona nyingi kiasi hiki, mkia wa kundi hupotea hata kabla ya mwongozaji kugeuka kuutazama, na kila kupotea hula dakika ambazo zilikwisha kugawiwa jengo fulani. Ukomo wa busara, kwa kupima hayo mawili, ni watu kumi au kumi na wawili, na mwandaaji anayevuka hapo hujiongezea faida yake mwenyewe kuliko anavyompunguzia mgeni bei.

Kwa kuwa viingilio havigawanyiki, mpangaji wa ziara nafuu huelekea kwenye vitu visivyo na tiketi, na Mji Mkongwe una bahati ya kuwa na hazina kubwa iliyo wazi barabarani. Milango ya kuchongwa, inayozidi mia tano, ndiyo maarufu zaidi. Mwongozaji mzuri huanza kwa kuwafundisha wageni kutenganisha namna mbili kuu, yaani mlango wenye kizingiti cha juu kilichonyooka, unaohusishwa na majumba ya Waarabu wa Omani, na ule wenye upinde juu, uliopata umbo lake kwa mafundi na wafanyabiashara wenye asili ya Gujarati. Baada ya hapo macho ya mgeni huweza kufanya kazi yenyewe katika kila mtaa unaofuata, na maelezo yaliyotolewa mara moja hutumika asubuhi nzima. Hapa hapa, lakini, ndipo pia hadithi rahisi zinapoingia. Wageni huambiwa kwamba misumari ya shaba iliyochongoka ilikusudiwa kuzuia tembo, ilhali pambo hilo lina asili ya India na hakuna tembo wa vita aliyewahi kutembea katika mitaa ya mji huu ya Shangani wala Malindi. Huambiwa pia kwamba mnyororo uliochongwa pembezoni mwa mlango ni alama ya mwenye nyumba aliyeuza watumwa, tafsiri inayotajwa kwa uhakika mkubwa kuliko ushahidi ulioko nyuma yake.

Kitu chenye manufaa zaidi kuliko tafsiri za nakshi, na ambacho hupewa nafasi ndogo mno, ni ujenzi wa nyumba zenyewe. Kuta zimejengwa kwa mawe ya matumbawe yaliyoshikamanishwa na chokaa, na dari hubebwa na boriti, yaani miti ya mikoko iliyokatwa katika misitu ya pwani. Boriti haina urefu wa kutosha kuvuka nafasi pana, kwa hiyo vyumba vya nyumba hizi ni vyembamba na virefu, upana wake ukikaribia mita tatu, na mgeni anayelifahamu hilo huweza kusimama nje na kukisia mpangilio wa ndani bila kulipa chochote. Chokaa hupitisha unyevu na kuutoa, ilhali saruji inayopakwa juu yake katika matengenezo ya haraka huufungia ndani ya ukuta hadi jiwe linapoanza kumomonyoka. Sehemu zilizobanduka plasta, ambazo wageni hupiga picha kwa kuziona za kupendeza, kwa kweli ni kumbukumbu ya uamuzi wa fundi na bajeti ya mwenye nyumba. Dakika kumi mbele ya ukuta mmoja uliobanduka zinafundisha zaidi kuliko milango ishirini iliyopitwa mbio, na hazigharimu kitu.

Ikiwa bajeti inaruhusu kiingilio kimoja tu, basi kinastahili kutumika Mkunazini. Hapo ndipo lilipokuwa soko la watumwa, lililofungwa baada ya Sultani Barghash bin Said kutia saini, kwa shinikizo la Uingereza, mkataba wa mwezi Juni 1873, na hapo ndipo wamisheni wa Kianglikana walipoanza kujenga kanisa kuu mwaka huo huo. Kazi hiyo iliongozwa na Edward Steere, askofu aliyekuwa pia mwanazuoni wa Kiswahili, na ambaye amezikwa nyuma ya altare. Nje ya kanisa kipo kikundi cha sanamu za watu waliofungwa minyororo shimoni, kazi ya msanii Clara Sörnäs kutoka Sweden iliyowekwa mwaka 1998, na ndani upo msalaba unaoelezwa kuwa umetengenezwa kwa mti uliosimama mahali ulipozikwa moyo wa David Livingstone, katika nchi ambayo leo ni Zambia.

Mahali hapa ndipo mfumo wa ziara ya haraka unapopimwa vikali zaidi. Wageni huteremshwa katika vyumba viwili vya chini, vyenye dari fupi na hewa nzito, na huelezwa kwamba watumwa walifungiwa humo wakingoja kuuzwa. Jengo lililo juu ya vyumba hivyo lakini ni la wamisheni, lilijengwa baada ya soko kufungwa na lilitumika kama hospitali, na kwa sababu hiyo wapo wanahistoria waliotilia shaka maelezo hayo na kuona kwamba vyumba vilikuwa ghala la vitu vya hospitali. Mashaka hayo hayapunguzi hata chembe ukweli wa biashara iliyofanyika katika uwanja huo, kwani soko, mkataba na tarehe vyote vina ushahidi. Yanachodai ni kwamba mwongozaji awe na dakika tano za kutenganisha kilichothibitishwa na kinachosimuliwa. Dakika hizo tano ndizo ziara nafuu inazokosa. Chumba chenye giza hutoa mshtuko mara moja, bila maandalizi, ilhali hoja ya kihistoria inahitaji msikilizaji asiyesukumwa na kundi jingine linalongoja mlangoni, na matokeo yake ni kwamba wageni wengi hutoka Mkunazini wakikumbuka dari fupi na kusahau mwaka 1873, na hawaambiwi kabisa kwamba hali ya utumwa kisheria haikufutwa Zanzibar hadi 1897, miaka ishirini na minne baada ya soko kufungwa.

Upande wa bahari unaweza kupitwa kwa haraka zaidi bila hasara kubwa. Beit al-Ajaib, kasri la sherehe lililojengwa na Barghash mwaka 1883, kwa sasa haliingiwi, kwa kuwa sehemu yake pamoja na mnara wa saa iliporomoka tarehe 25 Desemba 2020 na kuua mafundi wawili waliokuwa katika kazi ya ukarabati. Linalobaki kwa kundi ni kusimama mbele yake na kueleza mashambulizi ya manowari za Kiingereza ya tarehe 27 Agosti 1896, vita vilivyokwisha ndani ya muda usiofikia saa moja. Ngome Kongwe iliyo jirani, iliyojengwa na Waomani baada ya Wareno kuondolewa, mahali palipokuwa na kanisa la Wareno hao, ina kivuli na nafasi ya kukaa, jambo ambalo kwa kundi lililotembea saa mbili lina thamani kuliko tarehe yoyote. Nyumba inayohusishwa na utoto wa Farrokh Bulsara, aliyezaliwa kisiwani mwaka 1946 na kujulikana duniani kama Freddie Mercury, hupigiwa picha na watu wengi na hueleza machache; asiye mpenzi wa muziki wake anaweza kuipita.

Muda wenyewe una mipaka ambayo haipangwi na mwandaaji. Kundi linaloanza saa tatu asubuhi katika Soko la Darajani, lililofunguliwa mwaka 1904, hukuta samaki bado wapo na jua halijawa kali. Likichelewa kwa saa moja hukuta mnada wa samaki umekwisha na joto limeshaingia vichochoroni. Saa sita inapopita huja adhana ya adhuhuri, ambapo kundi halipaswi kuziba njia ya wanaokwenda msikitini, na siku ya Ijumaa maduka mengi hufungwa kabisa kwa muda wa sala. Katika masika, kuanzia Machi hadi Mei, mvua hujaza maji katika vijia visivyo na mitaro mizuri, lakini wageni huwa wachache na makundi hupungua ukubwa bila mtu kuyapunguza. Zaidi ya hayo, mji una wenyewe. Baraza, yaani benchi la mawe lililojengwa kando ya ukuta wa nyumba, ni mahali pa wenye nyumba kupokea wageni na majirani, na kundi linalokalia baraza la watu huku likisikiliza maelezo kwa sauti kubwa limeingia sebuleni bila hodi. Mwongozaji mwenye adabu hulisimamisha kundi lake mahali pa wazi, kama vile Jaws Corner, ambako wageni wanaweza kununua kahawa chungu kwa bei ndogo, wakakaa kihalali na kusikia mabishano ya siasa ambayo hayamo katika mpango wowote wa ziara.

Bado kuna fedha moja isiyoonekana katika bei iliyotangazwa. Ziara inapouzwa kwa kiwango cha chini mno, ujira wa mwongozaji hufidiwa kwa njia mbili: bahshishi inayotolewa na wageni mwishoni, na kamisheni inayotolewa na mwenye duka kwa kila mnunuzi aliyeletwa. Njia ya pili ndiyo inayopotosha ziara zaidi, kwa kuwa huhamisha robo ya mwisho ya asubuhi kutoka kwenye historia kwenda kwenye picha za mtindo wa Tingatinga na vifurushi vya viungo, na huwapa nafasi papasi, yaani vijana wanaoongoza wageni bila leseni, kutangaza bei ambayo mwenye leseni ya Kamisheni ya Utalii hawezi kuifikia kwa kazi ya kuongoza peke yake. Mnunuzi anayetaka kujua anachokinunua anaweza kuuliza mambo matatu kabla ya kulipa: kundi litakuwa na watu wangapi, viingilio gani vimo ndani ya bei, na ziara inaishia wapi. Jibu la swali la tatu likiwa ni jina la duka, basi inambidi aongeze juu ya bei aliyotajiwa zile dakika thelathini au arobaini zitakazopotelea humo.