Pongezi kwa Watafiti wa Kanu na Nguchiro

Mkulima wa mtama pale Buigiri, wilayani Chamwino, humjua kicheche kwa harufu yake na kanu kwa kuku anayepotea usiku. Mazuri yao hayasemwi sana. Kanu na nguchiro hula panya wanaofukua mbegu shambani. Bweha masikio husikiliza wadudu chini ya ardhi, akachimba. Chakula chake kikuu ni mchwa, wala hana haja na mbuzi wa mtu. Katika nyanda hizi kame zenye msimu mmoja wa mvua, huo ni msaada mkubwa.

Kwa hiyo nawapongeza kwa moyo wote watafiti wa TAWIRI, taasisi yetu ya utafiti wa wanyamapori iliyoanzishwa 1980, na wenzao wa mradi wa atlasi ya mamalia. Watalii humfuata simba. Wao wakawatafuta na hawa wasiotazamwa. Hufunga kamera kwenye mti, chini chini, kando ya njia ya wanyama. Mwili wenye joto ukipita, kamera inapiga: mkia wa pete, madoa ubavuni, tarehe na saa pembeni. Utafiti wa namna hiyo ndio ulioonyesha, katika taarifa ya 2006, kwamba nguchiro wa Jackson, aliyejulikana Kenya na Uganda, yupo pia kwenye milima ya Udzungwa hapa Tanzania. Mwaka 2014 kikatoka kitabu cha mamalia wa Tanzania chenye ramani zao.

Wana Chamwino wenzangu, tufunge vizuri mabanda ya kuku usiku, na sumu tusiitege porini.